Baba Kwenye Kitanda ya Wekesa

Alhamisi. Mvua imeacha, baridi bado.

Baba ameulizwa mfalme anaitwa nani. Amejibu, "Kama huyu mzungu hajui mfalme wake, si aulize karani?" Watu wamecheka. Daktari alipoelezwa, yeye pia amecheka.

Ni asubuhi hii hapa misheni ya Endebess. Wazee wamekaa kwa benchi, wanaitwa mmoja mmoja. Karani anasema daktari ametoka kwa chuo kikubwa Ulaya, na watu wa kanisa huko wanachanga pesa ili ijulikane kwa nini wazee wengine wanapotea akili. Dawa hakuna bado. Wanatafuta tu.

Leo ni tarehe gani? Baba hajui. Hata mimi sijui. Uko na ng'ombe ngapi? Amesema saba, akataja rangi ya kila moja. Daktari amefurahi.

Hizo ng'ombe zilikufa na ugonjwa nikiwa mtoto.



Daktari akasema huyu mzee ni mzima, ni vile hakusoma. Karani akakata jina ya baba kwa orodha ya wagonjwa. Sasa niko nyuma ya kanisa, naandika.

Jambo yenyewe ni hii. Wakati wa kuvuna mahindi, baba aliingia nyumba ya kaka yangu Wekesa, akakaa kwa kitanda. Nasimiyu, mke wa Wekesa, alikuwa ndani. Kwetu Wabukusu mzee hasalimii mke wa mtoto wake na mkono, sembuse kitanda. Nasimiyu alipiga kelele. Nilifika mbio, nikasikia baba akimwambia, "Mama, nipe uji, nimetoka kuchunga."

Alidhani ni mama yake. Nyanya alikufa kabla mimi nizaliwe.

Wekesa hakusikia hiyo ya uji. Nilipomwambia alisema, "Wewe unamfunika. Huyo hana haya, bana." Akachukua mke wakarudi Bungoma. Ati hata siku ya kumzika baba hatakuja.

Baba huniuliza Wekesa ameenda wapi. Namwambia. Baada ya kidogo anauliza tena.

Kwa karatasi ya daktari hakuna swali ya kitanda. Kuna mfalme, kuna tarehe. Mimi peke yangu ndio nilikuwa na jibu, na nikaogopa ile benchi ya wazee. Wangesikia, wangetema mate. Mimi hata kuomba chumvi kwa jirani naona haya.

Lakini Wekesa anajua kusoma. Neno yangu alikataa. Ya daktari, ikiandikwa kwamba baba ni mgonjwa, labda atakubali.

Dereva anafunga masanduku juu ya gari. Wanaenda Bungoma saa hii. Naacha hapa, lazima nimkute daktari kabla gari itoke, nimwambie yote, hata kama hao wazee bado wamekaa hapo.