Mjane wa Ukurasa wa Mia Mbili na Kumi

Jumatatu, 3 Februari
Pinaki kanipigia simu. Ile riwaya ya Kirusi ya mjane, tuliyokuwa tukitambiana nayo chuoni — anaitengenezea filamu ya Kibengali! Urusi itakuwa Murshidabad, theluji itakuwa mvua. Eti, "Ashutosh, wewe ndiye uliyeimaliza. Alhamisi utamsimulia Sutapa Devi." Mastaa kama yeye hawasomi hati ya filamu, wanasimuliwa mwanzo hadi mwisho, na machozi juu. Nikajibu hamna shida. Hamna shida! Mimi niliishia ukurasa wa mia mbili na kumi. Majina yalinishinda. Lakini Kolkata hii nani atakiri hajasoma?

Alhamisi, 6 Februari
Nimesimulia kwa muda wa saa mbili na nusu. Nilipofika mia mbili na kumi jasho lilinitiririka, nikaendelea kwa uongo mtupu. Mjane anawatimua mashemeji, anauza jumba, anaishi! Sutapa Devi akalia kweli. Akasema tangu ana miaka kumi na tisa wamemuua kwenye filamu kumi na saba — sumu, mto, kifua kikuu. Miaka tisa amekaa nyumbani. Kama huyu mjane anaishi, anarudi kazini. Akifa, tutafute mwingine. Pinaki akanikumbatia. Nikajiona fundi! Bure kabisa mimi.

Jumapili, 9 Februari
Nimeisoma yote. Anakufa. Homa, peke yake, ukurasa wa mia tatu themanini na nane. Nimelia kama mtoto. Mke wangu hana mbavu: "Miaka thelathini unanidanganya umeisoma!"

Jumatano, 12 Februari
Leo tunapiga picha ya kwanza ya filamu. Kamera imevishwa maua, nazi ya kuvunjwa kwa baraka ipo tayari. Na Pinaki kamwalika nani aivunje? Profesa Haldar, mtafsiri wa riwaya yenyewe! Ana miaka themanini na mbili, na kumbukumbu ya kutisha. Kaishika nazi, kamtazama Sutapa Devi kwa upendo: "Mwanangu, kile kifo chako kitatutoa wote machozi."

Sutapa Devi kanigeukia. "Kaka Ashutosh, niambie wewe. Nakufa au sifi?"

Nikasema nimebanwa na haja. Mwanamume mzima! Naandika haya chooni. Nazi haijavunjwa bado, ningeisikia. Mlango unagongwa. Siyo Sutapa Devi — ni Pinaki, ananong'ona: "Fungua basi, nami nijifiche. Hata mimi sikuisoma."