Jumatatu za Odile

New Orleans,
Jumanne, baada ya misa ya asubuhi

Kwako Shemeji Clotilde,

Pokea salamu za shemeji yako Numa, tena kwa mwandiko wake mwenyewe, jambo ambalo najua hujaliona tangu tulipokuandikia kukupa pole ya mama yenu. Hujambo huko Los Angeles? Magoti yamepoa? Na mumeo, bado anabishana na redio? Nawaombea nyote afya na usingizi mzuri. Nilikuwa nimekwisha kuandika kwamba sisi huku ni wazima, kama inavyopasa, kisha nikayakata maneno hayo. Ndiyo sababu unaona wino umechafuka hapo juu.

Utajiuliza kwa nini naandika wakati simu ipo. Simu yetu iko ukutani sebuleni, na nyumba yetu unaijua, vyumba vimefuatana kama mabehewa, mlango unatazama mlango. Mtu akipiga chafya barazani, aliye jikoni humwambia afya. Dada yako Odile analala chumba cha katikati, na masikio yake ni mazima kuliko yangu. Kila unapopiga anakuambia anaendelea vizuri, nami nimesimama pembeni naitikia kama mtoto wa altareni. Kwa hiyo leo nimevuka barabara nikakaa mezani kwa Ozeme, yule jirani mgane, asiye na simu, nimesukuma makopo yake ya samaki kando, naandika.

Nianze na ile siku ya daktari, kabla ya Kwaresima. Odile aliingia peke yake. Hakutaka niingie naye, akaniachia mkoba wake, nikakaa kwenye korido nimeukumbatia. Alipotoka alikuwa amevaa kofia tayari, akanieleza kwamba dawa zimesimamishwa kwanza kwa sababu mwili umechoka, ila akila vizuri akapata nyama kidogo, wataendelea nazo. Nikamwuliza kama ni hilo tu. Akasema ni hilo tu. Shemeji, nilirudi nyumbani nikipiga mluzi! Kula, kazi gani hiyo? Mimi nimepiga plasta dari za makanisa ya mji huu, nikiwa nimelala chali juu ya mbao. Nitashindwa kumlisha mwanamke mmoja?

Nikashindwa. Nilimletea supu ya kuku, akaigeuzia uso ukutani. Nikamletea chaza, nikamletea mayai ya maziwa na sukari aliyokuwa akiyapenda tangu msichana, yote yakaishia kwa paka wa Ozeme. Nilikuwa nimeanza kukata tamaa ndipo Jumapili moja akasema kuna kitu kimoja tu ambacho akikifikiria tumbo halimchafuki, nacho ni maharagwe yake ya Jumatatu. Na kwa kuwa hawezi kusimama, itabidi nipike mimi.

Mimi! Miaka yote ya ndoa yetu jikoni nimeingia kufuata bia tu.

Hayo mambo ya Jumatatu sina haja ya kukuambia, umezaliwa nayo. Mama yenu alikuwa akibandika maharagwe mekundu na mfupa wa nguruwe wa jana yake, ndipo anashika beseni la nguo, na nguo zikikauka chakula kimeiva. Odile aliendelea vilevile hata tulipopata mashine ya kufulia. Nilipomtania kwamba sasa hana kisingizio, alinijibu kwamba mashine ifue, yeye atapika, Jumatatu ni Jumatatu.

Basi nikavaa aproni. Mara ya kwanza sikuloweka maharagwe, maana sikujua kwamba huwa yanalowekwa. Dada yako alitia moja mdomoni, akalitoa kwa vidole viwili, akaliweka ukingoni mwa sahani kwa adabu kabisa, akasema, "Numa, haya yapeleke kazini ukachanganye zege." Juma lililofuata niliyaloweka nikayazamisha, akaniambia sahani ile inatosha kumbatiza mtoto. Wali wangu nao sitaki hata kuutaja. Alisema ukirushwa darini utashika, na kwamba hatimaye ameelewa nilikuwa nikilipwa kwa kazi gani.

Nilikuwa nakasirika, Shemeji, sikufichi. Mtu unasimama asubuhi nzima, jasho linakutoka, halafu mgonjwa anakucheka. Lakini nilikuwa pia nafurahi, maana mtu anayetukana chakula bado ana habari nacho. Nikisema nimesuswa, angalau nimesuswa na mtu aliye hai.

Tena alinifundisha kwelikweli. Alikuwa akipaza sauti kutoka kitandani kwamba vitunguu nakata vikubwa, anausikia uvivu wa kisu. Soseji ya moshi ianze, ikaangwe peke yake mpaka itoe mafuta yake, ndipo vitunguu, hoho na figili viingie kwenye mafuta hayo hayo. Maharagwe yakilainika, niyaponde machache kwenye ubavu wa sufuria kwa mwiko, mchuzi ushikane wenyewe, nisithubutu kutia unga. Chumvi iwe ya mwisho. Na neno moja alilirudia kama Salamu Maria: yakishika chini, nisikwangue. Nihamishe ya juu kwenye sufuria nyingine taratibu, ukoko niuache palepale. Anayekwangua anaunguza sufuria nzima.

Adhuhuri Ozeme alikuwa akija na sahani yake, kama zamani. Siku moja Odile alimwita asimame mlangoni pa chumba, akamtazama suruali aliyoifunga kwa kamba, akamwuliza jana alikula nini. Samaki wa kopo. Na juzi? Samaki wa kopo. Tangu mkewe afariki huyu bwana hajawasha jiko. Alipoondoka, dada yako alinigeukia akanitazama kitambo, nami nikadhani anamhurumia jirani.

Kila Jumatatu alikula vijiko vichache. Mimi nikaviona vingi. Nilimwambia Ozeme kwamba mashavu yanarudi, kwamba pete haimchezi kidoleni kama mwezi uliopita, na kwamba kufika kiangazi tutakuwa tumeshaanza dawa tena. Yeye alimuuguza mke wake hivi hivi. Alisema haya, bwana, akaendelea kula.

Sasa nije kwenye ya jana.

Jana maharagwe yalikuwa yanakwenda vizuri kuliko siku zote. Mchuzi ulikuwa mzito, rangi ilikuwa ile yenyewe. Nikapunguza moto, nikatoka uani kuanika mashuka yake, maana siku hizi analowa jasho. Kamba ikakatika. Mashuka yote yakaenda chini kwenye tope, nikainama naokota, nasuuza tena, nalaani, na muda ukapita. Niliporudi nilipokewa na harufu mlangoni. Yameshika!

Yote niliyofundishwa yalinitoka. Nikanyakua mwiko nikakwangua, kwa nguvu zangu zote, kama nabandua plasta iliyooza. Vipande vyeusi vikapanda juu, nikavikoroga vikatawanyika. Nilipoonja, ilikuwa kama kulamba ndani ya bomba la moshi. Ilinipasa kumwaga, lakini adhuhuri ilikuwa imefika, naye alikuwa hajatia kitu tumboni tangu Jumamosi. Nikapakua juu ya wali, nikapanga soseji, nikaokota vyeusi nilivyoviona, nikambebea. Visingizio nilikuwa nimevipanga mdomoni tayari.

Wakati huo Ozeme alikuwa ameingia kwa mlango wa nyuma kuuliza kama nyumba inaungua, jinsi harufu ilivyofika ng'ambo ya barabara. Odile alikuwa amekaa kwenye mito yake, hakuuliza kitu. Akala kijiko kimoja. Akatafuna muda mrefu, akameza kwa shida, akaongeza cha pili. Kisha akaweka kijiko chini.

"Leo umepatia, Numa. Haya ndiyo maharagwe."

Nilimwangalia usoni nitafute mzaha. Mzaha wake naujua, haukuwapo. Nikakaa kitandani na sahani mkononi. Ndipo nikakumbuka kwamba majuma yote yale hakuwahi hata mara moja kunisema kwa chumvi wala kwa pilipili. Alinisema kwa maji mengi, kwa ugumu, kwa rangi, kwa mlio wa kisu. Nikamwuliza habari ya ulimi wake. Akajibu bila kuzunguka kwamba ulikufa tangu sikukuu ya Wafalme, mwezi wa Januari, kwamba ile keki ya sikukuu ilikuwa pamba mdomoni, na pua iliufuata ulimi siku chache baadaye.

Na hapo akatoa yote mengine, kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayenieleza funguo ziko wapi. Daktari hakuwahi kusema lolote juu ya kupata nyama. Daktari alisema ugonjwa umeingia ini na dawa zitamwongezea kutapika tu, achague mwenyewe. Akachagua. Akamwambia basi, inatosha, akavaa kofia yake akatoka. Lile la kula alilibuni pale pale mlangoni aliponiona kwenye korido nimekumbatia mkoba wake, uso wangu ukamshinda.

Shemeji Clotilde, tangu Kwaresima nimekuwa nikiponda maharagwe kumwokoa mtu aliyekwisha kuaga. Sikio la kufa halisikii dawa, walisema wazee, lakini hawakusema mwenye sikio anaweza kukaa akakufundisha kukata vitunguu.

Nilikasirika kwanza. Nikamwuliza kwa nini basi alinitesa kila Jumatatu, kama ulimi hauna kazi, kama hata kumeza ni mateso. Akanitazama kama unavyomtazama mtu mzito wa kuelewa. Akasema hatukujaliwa mtoto, dada yake yuko mwisho wa nchi, ndugu zangu wote wako makaburini. Nani atanilisha yeye akiondoka?

"Sitaki uwe Ozeme," akasema.

Na Ozeme alikuwa amesimama jikoni na sahani yake tupu, masikini, amesikia kila neno. Aliiweka juu ya meza akatoka, hakula.

Mimi nikalia. Mzee mzima nimelia kwa sauti. Kisha nikafanya jambo la kitoto, nakueleza wewe kwa sababu sina mwingine. Nilimwambia ukweli. Nikamwambia maharagwe yameungua, kwamba nimekwangua, kwamba sahani ile ni uchungu mtupu hata mbwa hali. Nikamwambia sijajua kupika, sijui lolote, wali unanishinda, nahitaji Jumatatu nyingine, na nyingine baada ya hiyo. Nilisema kama mtu anayejitetea mbele ya hakimu. Kwa muda ule, Shemeji, naapa kwa kaburi la mama yangu, niliamini kwamba nikimwonyesha ujinga wangu wote atashindwa kuniacha.

Akasema, "Nimekusikia ukikwangua, Numa. Nimeshindwa kukungoja zaidi."

Akageukia ukutani. Tangu hapo hajafungua mdomo kwa chakula, namlowesha midomo kwa kitambaa na maji tu. Jana jioni alishika mkono wangu, akanitania kidogo juu ya mashuka, akalala. Leo asubuhi, baada ya misa, padri amekuja na mafuta. Muuguzi wa parokia ndiye aliye naye sasa, nami sina budi kurudi kabla hajaniulizia.

Hii ndiyo habari yetu. Usipige simu kuuliza kama ni kweli, maana atakuambia anaendelea vizuri nawe utamwamini, kama nilivyomwamini mimi. Najua ulipanga kuja Krismasi. Panda gari moshi la kwanza utakalolipata. Sina neno la kukutia moyo, nimelitafuta tangu asubuhi sikulipata.

Kaburi la wazazi wenu nimelipaka chokaa wiki iliyopita. Odile ndiye aliyeniagiza, nikabishana naye kwamba siku ya Watakatifu Wote bado mbali, nani anapaka chokaa mwezi wa Mei? Akasema nenda tu. Nikaenda. Chokaa imekauka vizuri, na leo alfajiri nimerudi kulilegeza jiwe linaloziba mlango wa kile kijumba cha kaburi, ili lisiwasumbue mafundi watakapolifungua.

Wasalimu wanao wote, na mkubwa mwambie nimezipokea picha. Ozeme anakusalimu, amekaa hapa mbele yangu, ameniletea kahawa, na la jana hajalitaja. Safiri salama, Shemeji. Najua hujazoea kuja kwa mgonjwa mikono mitupu, lakini usimletee chakula.

Ni mimi shemeji yako,
Numa Delahaye