Namba ya Najma Ukutani Kwangu

...na hili ndilo nililokuwa nataka kukueleza siku ile simu ilipokatika. Mpendwa dada mshauri, mie ndoa yangu ni tamu mno, ina miezi mitatu tu, na Leodegar wangu, fundi samani wa Keko, akirudi Chamazi jioni na vumbi la mbao nyweleni namwona kama ndiyo kwanza ananiposa, lakini kuna wivu unanitafuna, naomba unisaidie, kwa sababu wakati wa uchumba aliniuliza matokeo yangu ya kidato cha nne, na mie nilipata divisheni ziro, nikaogopa ataniacha, na kwa vile matokeo mtandaoni yana namba tu bila jina, nikampa namba ya Najma niliyekaa naye dawati moja, mwenye divisheni wani, basi mpenzi wangu akaichapisha karatasi ya matokeo yale, akaitengenezea fremu ya mninga kwa mikono yake, akanipa zawadi ya harusi, ipo sebuleni na kila mgeni anaonyeshwa.

Jumapili Najma akaja kutusalimia. Leodegar akamwambia, "Shemeji, umeona kichwa cha mke wangu? A ya Hisabati hiyo!"

Najma akaisoma namba yake, akanigeukia. "Hongera shoga. Imependeza kwenye fremu."

Dada, namwonea wivu mwanamke ambaye mume wangu anamsifu akidhani ni mimi! Sasa Leodegar ameniletea fomu ya chuo cha ualimu, mwisho Ijumaa, na inataka cheti. Sadallah wa steshenari ananiambia, "Sista, chenye jina lako nakutolea leo leo." Nifanyeje?

Jovina, Chamazi

Jovina, hongera ya ndoa. Sasa nisikilize.

Kwa Sadallah usikanyage. Kufeli mtihani hakumfungi mtu, cheti cha kughushi kinamfunga.

Unamwonea Najma wivu, amekuibia nini? Alisoma, akafaulu, wewe ukachukua namba yake, naye akakusitiri mbele ya mumeo. Ungekuwa wewe ungeweza? Kamwombe radhi.

Na huyo Leodegar unayemsifia hivyo, mbona humwamini? Leo akirudi, mwache aoge, ale, kisha iteremshe fremu mwenyewe umwambie, "Namba hii si yangu. Yangu ni hii." Atakasirika. Mwache akasirike, usikimbilie kulia ili aanze kukubembeleza. Najua uliogopa, mdogo wangu, lakini anayekupenda kwa namba ya mwingine hajapata nafasi ya kukupenda wewe.

Fomu isiende. Kajiandikishe kama mtahiniwa wa kujitegemea, tafuta darasa la jioni, na Hisabati mwombe Najma akufundishe. Ukipata D, itakuwa D yako.

Fremu usiitupe, mninga hauna kosa. Itundike tupu. Nitapita Chamazi kabla mwezi haujaisha, na nikiingia sebuleni kwako nitatazama ukutani kabla sijakaa.