Mama Mkwe Habebwi

Mtaa wa Isevya,
Tabora.
Jumanne, 2 Septemba 2025

Mpendwa mwanangu Raymundi,

Marahaba. Nimetangulia kuitikia kwa sababu shikamoo yako sijaisikia mwezi wa kumi na moja huu, na mimi si mtu wa kukaa bila kuamkiwa. U mzima huko Mtwara? Mama yako ananiambia ghala mnalofanyia kazi lina joto la kukaanga korosho bila moto. Ananiambia pia umepungua. Kula, mwanangu. Mwili haujengwi kwa soda na andazi.

Sisi hatujambo. Kiangazi kimetukalia vizuri, vumbi limeingia mpaka ndani ya vyerehani vya watu, kwa hiyo kazi ninayo. Kila anayeniletea cherehani anasema kimeharibika, nami napuliza tu, natia mafuta kidogo, kinashona. Mama yako Levina anaendelea na kwaya. Bibi yako Apolinaria yuko Kwihara kama ulivyomwacha, miguu inamsumbua kidogo, mdomo haujambo kabisa.

Najua unashangaa kupata barua ya karatasi. Mama yako alisema angekufikishia salamu zangu kwa simu, maana mimi umenifungia. Nikamwambia hapana. Salamu anaweza kubeba, lakini nililo nalo mimi si la kubebeshwa mtu mwingine.

Nianze na habari ya Msafara, ule mchezo wetu wa kwenye simu. Usiitupe barua, soma mpaka mwisho.

Wiki iliyopita simu ya babu yako, ile ambayo bibi anaitunza kwenye kikapu cha rozari, ilipokea ujumbe. Unasema mpagazi Raymundi, yaani babu yako, si wewe, hajatembea miaka miwili, na Kiangazi Kikuu cha mwaka huu kikipita naye hajafika ziwani, ataondolewa tarehe thelathini. Kiangazi Kikuu, ile safari yetu kubwa ya mwaka, kinaanza Jumatatu ya tarehe 22, siku saba kama kawaida.

Unamkumbuka babu alivyobaki pale kwenye lango la njia ya ziwani. Mchezo ulimtaka abonyeze neno moja tu, "Lipa hongo," apite. Akakataa. Shomari jirani yetu akamweleza kwamba hongo ya zamani haikuwa rushwa, ilikuwa ushuru wa njia, misafara yote ililipa. Babu yako akasema neno limeharibika lakini yeye hajaharibika, hatatoa hongo hata kwa shanga za kwenye simu. Akaketi kungoja walinzi wabadili mawazo. Wiki ile ile akaugua, na unajua yaliyofuata. Tangu hapo kisanamu chake kimesimama langoni na kofia yake nyekundu.

Hili la pili pengine hulijui. Kila asubuhi bibi yako anafungua ramani ya mchezo, anaisogeza kwa kidole mpaka kwenye lile lango, anakiamkia kile kisanamu kwa Kinyamwezi, "Mwangaluka." Halafu ndiyo anakwenda kufungulia kuku. Miaka miwili sasa. Mama yako alimkuta siku moja anamsimulia bei ya karanga. Kwa hiyo ujumbe ule wa kuondolewa ulipokuja, hakula siku ile. Alisema, nimemzika mara moja, mara ya pili sitaweza.

Basi tumekaa, mimi na mama yako na Shomari, tukatafuta tulikuwa tunakosea wapi kila tulipojaribu kumfikia. Nakuandikia yote uyajue, kwa sababu mkakati bila wewe hautembei.

Kosa letu la kwanza lilikuwa kukimbia siku ya kwanza. Mchezo unatoa nyota kwa anayekwenda mbali, nasi kwa uroho wa nyota tukamaliza vibuyu vya maji kabla ya siku ya nne. Shomari, ambaye wazee wake waliingia Tabora na misafara na hawakuondoka tena, anasema siku ya kwanza msafara ulikuwa unakwenda hatua chache tu na kulala karibu, ili aliyesahau kitu arudi kukichukua. Tukajaribu kwenye safari za mazoezi. Kumbe ukilala kambi ya kwanza, maji unajaziwa bure na wapagazi wanaamka na nguvu zote. Nyota za siku ya kwanza hazina kazi yoyote. Ni za kutuvimbisha kichwa.

La pili, kuanzia saa nne mpaka saa tisa za mchana maji yanakwisha mara mbili. Tutatembea alfajiri mpaka jua likianza kuuma, tupumzike, tuendelee jioni. Bibi anasema hilo angetuambia tangu zamani kama tungemuuliza, ndivyo alivyolima maisha yake yote.

La tatu, shanga. Mwaka jana mama yako alinunulia wapagazi viatu, viatu vizuri kweli, tukakaribia lango mikono mitupu. Safari hii hakuna kununua kitu. Shanga kumi zinawekwa kwa ajili ya lango, na hongo nitalipa mimi, babu apite nasi mpaka ziwani. Nimekwishaongea na nafsi yangu, na katekista nimemwuliza pia, akacheka.

Sasa nafika kwenye lile korongo lililo kabla ya lango. Mwanangu, hapa ndipo penye barua yenyewe.

Unajua sheria ya korongo. Akianguka mtu, aliye nyuma yake ndiye anayetokewa na neno "Mbebe," anapewa sekunde thelathini za kubonyeza. Asipobonyeza, aliyeanguka anarudishwa mwanzo, na msafara umevunjika kwa sababu watano waliotoka hawafiki watano. Mwaka jana bibi yako alianguka. Sote tulitarajia ataanguka, vidole vyake vizito. Wewe ulikuwa umetangulia ng'ambo kutafuta maji, kama tulivyokubaliana. Nasema tena, kama tulivyokubaliana. Mimi ndiye niliyekuwa nyuma ya bibi.

Niliwaambia wote kwamba mtandao ulikata.

Mtandao haukukata, Raymundi. Ulikuwa mzuri kuliko siku nyingine zote za mwaka ule. Mimi nilikuwa nje kwenye meza yangu ya vyerehani, bibi, aliyekuwa amekuja kwetu, na mama yako wakiwa sebuleni, maana unajua mimi na mama mkwe hatukai chumba kimoja. Neno likatokea kwenye simu yangu kubwa kabisa: Mbebe. Na chini yake picha, mpagazi wangu ameinama, mgongo umengoja.

Nikaona aibu. Yule ni mama wa mke wangu. Miaka ishirini na nane nimemwoa Levina, sijawahi kumpa mama yake mkono, sijakaa kwenye kiti alichoondokea, akitokea njiani naingia majanini mpaka apite. Leo nimweke mgongoni, miguu yake kiunoni kwangu, na Shomari anaangalia? Nikasema moyoni, ni mchezo tu, bonyeza. Kidole hakikushuka. Dirishani nikamsikia anauliza, "Nimeanguka jamani, nani yuko nyuma yangu?" Akauliza mara mbili. Nilihesabu zile sekunde mpaka moja.

Aibu ikazaa uongo. Nikapaza sauti kwamba mtandao umekata, na kwa kuwa uongo mmoja hausimami peke yake, nikauegemeza kwako. Nikaandika kwenye kundi la familia kwamba kama wewe usingekimbilia mbele kama mbuzi aliyeona majani, bibi yako angekuwa na mtu wa kumbeba. Nikaongeza habari ya vijana wasio na adabu. Maneno marefu, nayakumbuka yote. Wajomba zako wote wakasoma. Wewe ukajibu "Sawa mzee," ukatoka kwenye kundi.

Ulijua kwamba hukukosa, na hukunibishia mbele za watu. Adabu niliyosema huna ndiyo iliyokufunga mdomo. Hilo limenikaa hapa kifuani mwaka mzima, kila nikishika simu. Nisamehe, mwanangu. Sikuandikii kwa sababu ya mchezo tu. Nilikosa, na nilikosa nikijua.

Jumapili iliyopita baada ya misa nilimtuma mama yako akamweleza bibi ukweli, mimi nikabaki nje nikijifanya nakagua mnyororo wa baiskeli. Mama yako alirudi anacheka, na macho yamelowa. Bibi amesema alijua siku ile ile, kwa sababu simu yake ilionyesha vizuri tu jina langu limesimama nyuma yake. Amesema, "Mkwe wangu ana heshima. Angenibeba, ningeona haya kupokea komunyo mbele yake. Kutonibeba si kosa. Kosa ni kumtwisha mume wangu mzigo wake yeye."

Mume wake ni wewe, unajua anavyokuita tangu ulipopewa jina la babu. Nilikagua ule mnyororo mpaka ukakosa cha kukaguliwa.

Shomari naye amepata habari, na utani wake hauna huruma. Kila anayepita karakana anamwambia, mtazameni Mnyamwezi huyu, mababu walibeba pembe mpaka pwani, yeye bibi wa kwenye simu amemshinda. Kanipata.

Lakini ni huyo huyo Shomari aliyegundua dawa. Kumbe kila asubuhi kabla ya kuondoka, ukilikandamiza jina la mtu kwa kidole unaweza kulivuta na kumpanga unapotaka. Sisi miaka yote tuliuachia mchezo utupange, nao haujui ukwe. Tumepanga upya mbele ya mama yako na karatasi. Shomari atatangulia. Mimi nyuma yake, akianguka nambeba, na nitamkumbusha mpaka siku ya kiyama. Nyuma yangu mama yako, mimi amenibeba siku nyingi. Nyuma ya mama yako bibi, mama akimbeba binti yake hakuna wa kusema neno. Na nyuma ya bibi, wewe.

Mjukuu hana ukwe na bibi, ana utani. Wewe unaweza kumbeba huku mnatukanana, na atafurahi. Tungeweza kumtia mwingine, mchezo unaruhusu, hata Zuwena binti wa Shomari aliomba. Bibi amekataa. Amesema hapandi mgongo wa mtu ambaye si mume wake.

Jambo moja sitalificha. Anayefunga mstari hana mtu nyuma yake. Wewe ukianguka hakuna wa kukubeba, na wote tumekwisha. Nililitazama hilo kwenye karatasi muda mrefu. Nikaona ndiyo nafasi niliyokupa mwaka jana bila kukuuliza, nilipokuachia lawama zangu uzibebe peke yako. Safari hii nakuuliza. Ukikataa, sitakulaumu, wala sitaandika kitu kwenye kundi lolote.

Kwenye kundi nimekwishaandika, lakini ukweli. Jana, mbele ya wajomba wote, niliandika: mtandao haukukata, nilikuwa mimi. Wamecheka sana. Mjomba wako Eliya wa Igalula ameuliza kama sasa nitaanza kuingia majanini nikiona hata simu ya mama mkwe inaita.

Pamoja na barua hii mama yako anakutumia kifurushi cha michembe, vile viazi vitamu vya kukaushwa, na chupa ya asali. Ile asali usiwape wenzako yote, ni ya bibi, na ataulizia.

Shomari anakusalimu, Zuwena pia anakusalimu na anasema hakukasirika. Mjomba Eliya na watu wake wa Igalula hawajambo. Mungu akuweke, akupe riziki ya halali na usingizi mzuri, na akurudishe nyumbani Krismasi ukiwa na mwili.

Salamu ya bibi nimeiweka mwisho kwa sababu ameniamuru, kupitia kwa mama yako, niiandike kama alivyoisema bila kuigusa. Ni hii: "Mwambieni mume wangu mdogo kwamba mume wangu mkubwa amechoka kusimama. Aje anibebe, twende tukamchukue."

Ni mimi baba yako, nikupendaye na niliyekukosea,
Leodgar