Matunda ya Kwenye Pakiti

Kwako dada yangu,

Pokea salamu zangu, wewe, shemeji na nyumba nzima. Mgongo unaendeleaje? Na shemeji, bado anabishana na redio? Mimi mwili ni mzima; ya moyoni utayasoma huko mbele.

Barua yako nimeisomea kiwandani, chumba cha kubadilishia nguo, nimesimama na kofia ya nywele kichwani. Kumbe mwanangu Kidoti ameng'olewa meno manne, na miaka yenyewe ndiyo kwanza mitano! Unasema daktari wa meno alipokuuliza mtoto anakula nini, ulimjibu bila wasiwasi kwamba peremende umempiga marufuku, anakula matunda tu, yale ya pakiti anayoletewa na mama yake. Daktari akaguna. Sasa unaniuliza mimi niliye jikoni kwenyewe yanakopikwa: ndani mna nini?

Dada, swali hilo nilimuuliza mpishi wa mtambo mwezi wangu wa kwanza hapa. Nilitaka kujua matunda huingia saa ngapi, maana sikuwahi kuona hata ganda. Alicheka mpaka akashika ukuta. Akaniambia, "Mama, tunda liko kwenye picha." Kisha akanionyesha: sukari, sharubati ya mahindi, wanga, unga mchachu, rangi nyekundu, harufu ya stroberi kutoka kwenye dumu. Mwisho kabisa, kikombe kimoja cha maji mazito ya tufaha kwa pipa zima, ndipo pakiti ipate kuandikwa "juisi halisi". Vitamini nayo hunyunyizwa kiduchu, ili itajwe kwenye pakiti.

Nilimwendea msimamizi. Hakunifokea. Alisema kila kitu kimeandikwa nyuma ya pakiti, asomaye na asome. Nikaigeuza. Kweli kimeandikwa, kwa herufi kama mayai ya chawa. Nilirudi kwenye mstari wangu nikaendelea kufunga maboksi.

Hiyo ni miaka miwili iliyopita. Kwa hiyo usijilaumu, dada. Wewe ulidanganywa na picha. Mimi sikudanganywa na yeyote. Nilijua, na kila mwezi nilituma.

Tena lililo zito bado sijakwambia. Juzi, barua yako nikiwa nayo mfukoni, nilipiga simu. Kidoti alisema kwa mdomo wake wa kibogoyo, "Mama, matunda yameisha." Nilitaka kumwambia basi, hakuna tena. Lakini mtoto huyu ananijua kwa sauti na kwa boksi tu. Nikaenda kutuma boksi lingine. Liko njiani, sina namna ya kulirudisha. Likifika, lipokee wewe mlangoni, ufanye ambalo mimi nimeshindwa. Na akilia, usimwambie ni mimi niliyekuomba.

Wape wote mkono wangu, na shemeji umwambie redio haisikii. Kidoti umbusu shavuni, taratibu, upande usiouma.

Ni mimi mdogo wako,
Kibibi