Delbert Kvamme, Uliyekaribia Kuwa Naibu Sherifu

Mwaka umepita sasa, Delbert, tangu asubuhi ile ya Machi ulipoinama kufunga kamba za viatu barazani kwetu Burbank, usiinuke tena.

Ulikuwa mbeba piano kabla hujawa mwigizaji. Ulipeleka piano studio, mwongozaji akaiona hiyo pua yako iliyovunjika, akakuambia ubaki. Ukabaki miaka sita. Ukawa muuza baa, dereva wa teksi, askari jela, mtu anayefungua mlango na kusema, "Hayupo." Sinema nyingi hukufika katikati ukiwa hai. Watu dukani wakikukazia macho na kukuuliza, "Wewe nimekuona wapi?" uliwajibu, "Labda tulifungwa pamoja," kisha ukawabebea mifuko hadi kwenye gari.

Jumapili ulikaanga mayai huku ukibishana na redio. Ulimpigia simu mama yako kule Dakota Kaskazini hata alipokuwa hana jipya zaidi ya theluji.

Halafu wakakupa kazi ya kudumu: naibu sherifu, yaani msaidizi wa mkuu wa polisi, katika mchezo wa kikauboi wa televisheni wa kila Alhamisi. Wiki hiyohiyo daktari akakwambia moyo wako umechoka, mambo ya farasi na jua kali hayakufai tena.

Mkeo Arlene alikuomba uiache.

"Del, mimi sikuolewa na televisheni," alikwambia jikoni.

"Najua, mpenzi. Lakini hii ndiyo niliyokuwa naingoja."

"Na mwanao Joyce je? Yeye angoje nini?"

Ulichukua kitambaa ukaanza kufuta sahani zilizokwisha kukauka. Kesho yake ukapiga simu, ukakataa.

Tulidhani tumekupatia miaka. Ikawa miezi. Hilo ndilo linalotukaa rohoni, Delbert. Kama muda wenyewe ulikuwa huo tu, afadhali ungepanda farasi wako. Wala hukutulaumu. Alhamisi ya kwanza ulikaa nasi ukamtazama Wendell Pruitt, kijana aliyepewa nafasi yako. Ukasema, "Anaweza, huyu," ukatoka kwenda kumwagilia nyanya kabla mchezo haujaisha.

Mengine tuliyajua siku ya mazishi. Wendell alikuja na suti iliyombana mabega, akamshika Arlene mkono.

"Bibi Kvamme, mimi nilikuwa sijui hata kutembea," alisema. "Walitaka kunifukuza. Mumeo akaja, tukakaa nyuma ya studio, akanifundisha. Naibu anashukaje ngazi, anavuaje kofia akiongea na mjane. Huyo naibu alikuwa naye kichwani, kamili kabisa. Akaniambia, 'Mchukue. Kwangu anakaa bure.'"

Hukutuambia hata mara moja. Ulisema unakwenda kununua misumari.

Sasa kila Alhamisi Joyce huwasha televisheni mapema. Wendell anapotokea mlangoni mwa jela na kushuka zile ngazi bila haraka, Joyce husema tu, "Huyo baba." Hakuna anayemsahihisha.

Unakumbukwa na mkeo Arlene, binti yako Joyce, mama yako Ingeborg, kaka yako Norvald na familia yake, na Wendell Pruitt, aliyeomba jina lake liwemo.

Hutatutoka moyoni, Delbert, siku zote tulizojaliwa kuishi.