Sebule ya Mama Kabla ya Picha

Nyumbani kwa Mama,
Jumapili, 14 Juni.

Mpendwa Dada,

Hujambo huko uliko? Shemeji hajambo? Na wale mapacha wanaoniita mjomba wa sinema, wamepona mafua? Mimi ni mzima wa mwili. Moyo ndio mgonjwa, sina la kukuficha.

Mama anakula, analala, anatembea. Daktari haoni kipya zaidi ya ule ugonjwa wa kusahau. Lakini tangu filamu ipigwe hapa nyumbani, hajui tena kwamba hapa ni kwake, na siku nyingine hata mimi hanijui. Kosa ni langu, Dada. Nataka ulisikie kwangu kabla Shangazi hajakupigia simu na kulitia chumvi.

Unaijua kazi yangu. Mama alikuwa akiwaambia majirani kwamba mwanawe ameajiriwa kuchungulia nyumba za watu, wala hakukosea: natafuta nyumba za kupigia filamu, nazipanga zifanane na hadithi, kisha narudisha kila kitu mahali pake. Safari hii mwongozaji alitaka sebule ya mjane. Nilizunguka wiki tatu hadi soli ikaisha, mwishowe nikamleta kwetu. Mama alifurahi, akavaa viatu vipya kumpokea.

Kabla ya kugusa chochote, sisi hupiga picha kila pembe, ili baadaye tujue hata kikombe kilikaa wapi. Nilizipiga mwenyewe. Ila nilianza kwa kupanga, Dada. Mkono umezoea. Kiti cha Baba kilikaa katikati ya njia kama mlevi, nikakisukuma ukutani. Cherehani nikaisogeza pembeni, na vile vitambaa vya Mama kwenye kitasa cha mlango wa jikoni nikavitia sandukuni. Niliona aibu, wenzangu wasije wakasema kwetu ni vurugu tupu. Ndipo nikapiga picha.

Filamu ilichukua siku nne, Mama akiwa kwa Shangazi. Tulipomaliza nilirudisha kila kitu kama picha zilivyoonyesha, hadi mkunjo wa zulia, tena nikajisifu. Mama akaingia, akanyoosha mkono kushika mgongo wa kiti, akashika hewa. Kumbe hivyo ndivyo alivyokuwa akiijua njia ya jikoni: kiti, cherehani, kitasa. Alisimama mlangoni kama mgeni. "Nyumba nzuri," akasema. "Wenyewe wako wapi?"

Kiti nimekisogeza mara kumi, na kila mara anakizunguka. Mimi ninayekumbuka sebule za watu mia, ya kwetu sikuwahi kuitazama. Tafadhali pekua picha zako zote za zamani, hata zilizofifia, ambazo nyuma ya watu sebule inaonekana. Nitumie haraka. Ukitaka kunilaumu, nilaumu.

Shangazi anakusalimu sana, na fundi viatu wa jirani pia. Mama nilimwambia nakuandikia, akauliza mimi ni nani. Nikimwambia mimi ni mwanawe, huwa anaogopa, kwa hiyo nikamjibu kwamba ni mtu wa filamu, kazi yangu kutafuta nyumba. Akanishika mkono, akaninong'oneza: "Basi nitafutie ya kwangu, baba. Watoto wangu wakirudi hawatanikuta."

Mungu akutunze, wewe na wote walio chini ya paa lako.

Ni mimi mdogo wako, nikupendaye,
Kitindamimba